Kwa nini kuna hoteli ya wakoloni kilomita arobaini na kitu tu kutoka Nairobi?

Ukitoka Nairobi kwa Barabara Kuu ya Thika siku ambayo Githurai haijafunga njia, unafika Thika kabla chai ya asubuhi haijatulia tumboni. Pembeni mwa mji, pale mto Chania na mto Thika inapokaribiana na kila mmoja kuwa na poromoko lake, kuna hoteli inayoitwa Blue Posts. Ilifunguliwa mwaka 1908 na setla Mwingereza, Kapteni Harries, na mpaka leo watu wanakula, wanalala na kupiga picha za harusi hapo.

Wanaoiandika huanza na maporomoko na miti. Mimi naona kuna swali la kitoto ambalo linapaswa kutangulia: ni nani aliyehitaji kulala hapo? Kilomita arobaini na kitu si safari. Leo anayelala Thika akiwa anaelekea Murang'a au Nyeri ni yule ambaye gari limemfia njiani. Kujenga hoteli mahali pasipo na haja ya kulala ni hasara, na masetla, pamoja na mengine yote tunayoweza kusema juu yao, walijua hasara ni nini. Ukilifuata swali hilo utakutana na ng'ombe, na sheria ya pombe, na ubaguzi, na tope.

Mwendo wa maksai

Mwaka 1908 lami haikuwapo, na magari ya injini katika nchi nzima yalikuwa ya kuhesabu. Ila njia ilikuwapo, na ilikuwa inazidi kurefuka. Serikali ya kikoloni ilikuwa imeweka kituo Fort Hall, ndiyo Murang'a ya sasa, mwaka 1900. Nyeri ikafuata mwaka 1902, Embu mwaka 1906, na Meru mwaka 1908 wenyewe. Vituo hivyo vyote vya kuuzunguka Mlima Kenya vilitegemea njia moja iliyotoka Nairobi kwenda kaskazini, na mizigo yake ilipita kwa vichwa vya wapagazi au kwa magari ya kukokotwa na ng'ombe.

Gari kubwa la mizigo la mtindo wa Afrika Kusini lilifungwa maksai hata kumi na sita, wawili wawili kwenye nira. Likiwa limesheheni, mwendo wake ni wa mtu anayetembea polepole, na pengine chini ya hapo. Isitoshe, ng'ombe ni mnyama wa kucheua. Hata akiwa na nguvu kiasi gani, lazima apate saa za kula majani na saa za kulala chini na kucheua alichokula, la sivyo kesho hatanyanyuka. Jua la mchana nalo humchosha upesi, kwa hiyo kazi ilifanywa alfajiri na jioni. Ukijumlisha yote, siku njema ilikuwa kilomita ishirini, ishirini na tano. Siku mbaya ilikuwa yoyote ile unayoweza kufikiria.

Sasa pima ramani. Nairobi hadi Ruiru, siku ya kwanza. Ruiru hadi Thika, siku ya pili. Msafiri alifika kwenye mito hiyo miwili akiwa na vumbi la siku mbili, na mbele yake Fort Hall bado ilikuwa karibu siku mbili nyingine. Ng'ombe walihitaji maji, na maji yalikuwapo. Walihitaji majani, na kingo za mito zilikuwa na majani. Halafu kulikuwa na jambo la tatu ambalo msafiri wa leo hawezi kulihisi kwa sababu anapita juu ya daraja bila kuinua macho: mito ya nyanda za juu hujaa kwa ghafla. Mvua ikinyesha milima ya Aberdare usiku, asubuhi kivuko kinaweza kuwa hakivukiki. Hapo hakuna la kufanya ila kukaa na kungoja maji yapungue, siku moja au tatu.

Hapo ndipo Blue Posts ilipozaliwa. Mahali penyewe palichaguliwa na tumbo la ng'ombe na hasira ya mto, na Kapteni Harries akajenga pale ambapo watu wangesimama hata kama yeye asingekuwapo.

Kwenye njia ya Mombasa hadithi ni nyingine, na watu huzichanganya hizi mbili. Kule chini, Taru na Tsavo na Kibwezi, maksai hawakufaa kwa sababu ya mbung'o. Hata nyanda za juu, sotoka ya miaka ya 1890 ilikuwa imefyeka mifugo ya Afrika Mashariki, na ndigana kali iliendelea kuwasumbua wafugaji muda mrefu baadaye. Kampuni ya Mackinnon, ile ya Waingereza iliyotawala hapa kabla ya serikali yenyewe, ilianza kupasua njia ya magari kutoka pwani mwaka 1890, na Kapteni Sclater akaiendeleza toka Kibwezi hadi Busia katikati ya muongo huo. Lakini kilichobeba uzito kwenye njia hiyo kilikuwa mabega ya wapagazi, kisha reli. Reli ya Uganda ilianzishwa Mombasa mwaka 1896, ikafika mahali pa Nairobi mwishoni mwa Mei 1899, na ikagusa Ziwa Victoria pale Kisumu Desemba 1901, maili 582 kutoka ilikoanzia.

Msafiri wa treni hahitaji nyumba ya wageni kila kilomita ishirini. Anahitaji chakula, kwa sababu treni za mwanzo hazikuwa na behewa la kulia. Kwa hiyo reli ilijenga nyumba za mapumziko za mtindo wa India, ambako serikali ya Waingereza ilikuwa na desturi ya kuweka vibanda vya wasafiri kwenye njia za posta. Hata jina, dak bungalow, lilivuka bahari pamoja na mafundi na vibarua. Ya Voi ndiyo iliyojulikana zaidi. Treni iliyotoka Mombasa mchana ilifika Voi jioni, abiria wa daraja la juu wakashuka, wakala chakula cha jioni kwa haraka, wakarudi kwenye behewa na matandiko waliyobeba wenyewe. Malalamiko juu ya chakula hicho yamejaa katika maandishi ya wasafiri wa wakati ule. Mtu aliyejua kwamba abiria wake hawana pengine pa kula kwa maili mia hakuwa na sababu ya kujisumbua na mchuzi.

Kitanda au chupa?

Hata tukishajua kwa nini watu walisimama Thika, bado hatujaeleza kwa nini walilipa. Kila setla alikuwa na hema. Isitoshe, wazungu walikuwa wachache na walikaribishana majumbani bila malipo. Kufika shambani kwa mtu usiyemjua na kupewa chumba lilikuwa jambo la kawaida. Si mbali na Thika, Mmarekani tajiri William Northrup McMillan alikuwa na shamba la Juja, na ndiye aliyempokea Theodore Roosevelt hapo mwaka 1909. Ushindani na ukarimu wa bure ni mgumu.

Kwa maoni yangu jibu liko kwenye chupa. Nyumba ya njiani ilikuwa na kitu ambacho hema halikuwa nacho: leseni ya kuuza pombe. Na leseni hiyo katika Afrika ya wakati ule haikuwa karatasi ya kawaida ya biashara.

Mataifa yaliyokuwa yakigawana Afrika yalitia saini Mkataba wa Brussels mwaka 1890. Mkataba huo ulijulikana zaidi kwa kupiga vita biashara ya watumwa, lakini ulikuwa pia na sehemu ya pombe kali. Katika ukanda mpana wa bara hili, kuanzia nyuzi 20 kaskazini ya ikweta hadi nyuzi 22 kusini, pombe kali zilizuiwa kuingizwa katika maeneo ambayo wenyeji walikuwa bado hawajazizoea, na kwingine zikatozwa ushuru. Mwaka 1919 mkataba mwingine, ule wa Saint-Germain, uliendeleza mambo hayohayo. Wasio wenyeji waliruhusiwa kunywa. Matokeo yake Kenya ni kwamba kwa sehemu kubwa ya ukoloni, kumuuzia Mwafrika wiski lilikuwa kosa mbele ya sheria. Muratina na pombe nyingine za kienyeji nazo zikawekewa vibali. Nairobi ilifikia hatua ya manispaa yenyewe kupika na kuuza pombe ya Waafrika katika mtaa wa Pumwani miaka ya 1920, faida ikaingia mfuko wa jiji.

Kwa hiyo aliyepewa leseni ya hoteli njiani alipewa pia orodha ya nani awe mteja. Kaunta ilikuwa mpaka. Hapo bei ya kahawa ilijadiliwa, mashamba yakauzwa, habari za serikali zikatangulia gazeti. Bia ya humu nchini ilipoanza kutengenezwa na kina Hurst mwaka 1922, kreti za kwanza zilipelekwa hotelini: kumi, katika hoteli ya Stanley, Nairobi, mwezi Desemba. Miezi michache baadaye mmoja wa waanzilishi hao, George Hurst, aliuawa na tembo mawindoni, na ndiyo sababu bia hiyo inaitwa Tusker na ina tembo kwenye lebo.

Na ardhi? Iliyohitajika ilipatikana kwa njia ileile iliyotoa mashamba. Sheria ya Ardhi ya Mfalme ya mwaka 1902 ilimpa kamishna uwezo wa kukodisha ardhi kwa miaka 99. Ile ya 1915 ikapandisha hadi miaka 999. Eneo la Thika lilikuwa ukingoni mwa nchi ya Wakikuyu, na upande wa tambarare Wamasai walichunga. Mkonge ukapandwa shamba la Punda Milia, kahawa ikashika kingo za mito, na baadaye sana mananasi yakafunika vilima. Hoteli ya njiani ilikuwa kituo cha uchumi huo, mahali ambapo setla mpya alikaa akingojea kuoneshwa shamba ambalo hakuwahi kuliona.

Sheria ya Kiingereza iliyosahaulika baharini

Hapa kuna fundo ambalo kwangu ndilo la kuvutia kuliko yote. Nyumba za wageni za njiani ni kitu cha Kiingereza hasa. Waingereza walikuwa na sheria za leseni za vilabu vya pombe tangu mwaka 1552, na majaji wao walikuwa wameweka kanuni nzito: mwenye nyumba ya wageni hana uhuru wa kuchagua. Msafiri akifika, chumba kipo, na anaweza kulipa, lazima apokewe. Njia ni ya watu wote, na aliyejenga kando yake ili apate riziki kwa wapitaji amejitwika wajibu kwa wapitaji wote.

Kanuni hiyo haikuwa ya makumbusho. Julai 1943, mchezaji kriketi mashuhuri wa Trinidad, Learie Constantine, alifika London na familia yake kwenye hoteli aliyokuwa ameweka nafasi, akaambiwa kwamba wageni wengine, hasa wanajeshi wa Kimarekani, wasingependa kuona watu weusi. Akashtaki. Mwaka uliofuata mahakama ilisema hoteli ilivunja wajibu wake wa kumpokea msafiri, ikaamuru alipwe gini tano. Fidia ndogo, lakini hoja ilisimama juu ya kanuni ileile ya kale.

Kenya nayo ilikuwa na sheria ya Kiingereza. Amri ya mwaka 1897 iliiingiza rasmi, kwa kadiri hali ya nchi itakavyoruhusu. Kadiri hiyo ndiyo iliyobeba kila kitu. Hoteli za wazungu zilifunga milango kwa Waafrika na Wahindi bila kuhitaji sheria mahususi ya kuwafungia. Desturi ilitosha, na desturi ilikuwa na nguzo nyingi. Sheria ya pombe ilikuwa moja. Kipande kilikuwa nyingine: kuanzia mwishoni mwa Vita Kuu ya Kwanza, mwanamume Mwafrika alitakiwa kubeba cheti chake ndani ya kikasha cha chuma, mara nyingi kikining'inia shingoni, na aliyekuwa njiani bila cheti hicho hakuwa msafiri machoni pa askari, alikuwa mtoro. Mtu wa namna hiyo hawezi kugonga mlango wa hoteli na kudai haki za msafiri wa Uingereza. Ndiyo maana, mwaka 1946, kuanzishwa kwa United Kenya Club Nairobi, mahali ambapo watu wa rangi zote wangeweza kukaa meza moja na kula mchana, lilikuwa jambo la kuandikwa magazetini. Kula chakula cha mchana!

Waafrika walikuwamo hotelini, bila shaka, na kwa wingi kuliko wageni. Walipika, walifua, walichota maji mtoni, walipasua kuni za kuchemshia maji ya kuoga, walishika farasi na kufungua maksai. Mezani walihudumu wakiwa na kanzu nyeupe na kofia nyekundu ya tarbushi, vazi la pwani lililogeuzwa sare ya utumishi bara. Wagoa, watu wa Goa kule India, walishika vitabu vya hesabu na mara nyingi jiko. Lugha iliyotumika ilikuwa kile Kiswahili cha amri tupu tunachokiita Kisetla, chenye "lete" na "pesi pesi" nyingi na ngeli chache.

Hapo ndipo historia ya Blue Posts inapokuwa na tundu. Jina lake lilivuma duniani kwa sababu ya Elspeth Huxley, aliyeletwa Thika na wazazi wake akiwa mtoto kabla ya Vita ya Kwanza, na ambaye mwaka 1959 alichapa The Flame Trees of Thika, kitabu kilichotengenezwa baadaye kuwa tamthilia ya televisheni. Ni kumbukumbu za utotoni zilizoandikwa zaidi ya miaka arobaini baada ya matukio, na mwandishi wake hakulificha hilo. Lakini watalii na hata waandishi wetu huzisoma kama daftari la hoteli. Mpishi wa mwaka 1913 hakuandika kitabu. Mambo yote tunayoyajua kuhusu vumbi, joto, na uchovu wa safari ya Nairobi hadi Thika tumeambiwa na waliokaa juu ya gari, si na aliyetembea mbele akiwaongoza ng'ombe wa kwanza kwa kamba.

Waliofungiwa mlango walilala wapi?

Hawakulala porini. Njia hizi zilikuwa na wenyeji wake kabla ya hoteli yoyote. Misafara ya Waswahili ilikuwa na kambi zake zinazojulikana, na vituo kama Dagoretti vilikuwa maarufu kwa kununua chakula cha Wakikuyu. Bagamoyo kule Tanzania bado lina jengo la karavanserai kwa ajili ya misafara. Katika ukoloni, Mwafrika aliyesafiri alitafuta mtu wa ukoo au wa kijiji chake, alilala mtaa wa Majengo kwa mtu anayepangisha vitanda, au barazani kwa duka la Mhindi au Msomali baada ya kununua chumvi ya senti chache ili asionekane mdoezi. Polepole vikaota vibanda vya chai na maandazi, vile tunavyoviita hoteli bila kuwa na kitanda hata kimoja.

Wahindi walijenga vyao. Ule wa kukumbukwa zaidi uko Makindu, kwenye njia ya Mombasa. Mafundi wa reli wa Kisikh walianza na kibanda cha mabati cha ibada mwanzoni mwa karne, na mwaka 1926 likajengwa hekalu kamili. Kwa kanuni ya Kisikh, jiko la hekalu haliulizi dini, rangi wala pesa. Mpitaji anakula, na akitaka anapewa pa kulala. Ni hekalu, si hoteli, na halijawahi kuuza tone la pombe. Lakini likipimwa kwa ile kanuni ya Kiingereza kwamba msafiri yeyote lazima apokewe, ndilo lililoitimiza vizuri kuliko hoteli zote zenye leseni kati ya Mombasa na Kisumu. Bado linalisha watu.

Kuhusu veranda za hoteli za wazungu, lazima niitaje ya Norfolk, ingawa ni ya mjini. Ilifunguliwa siku ya Krismasi mwaka 1904 kando ya barabara ambayo magari ya ng'ombe na misafara ya wawindaji ilipita. Tarehe 16 Machi 1922, umati ulikusanyika kituo cha polisi kilichokuwa karibu kudai Harry Thuku, mtetezi wa haki za Waafrika aliyekuwa amekamatwa, aachiliwe. Mary Muthoni Nyanjiru akawachochea wanaume kwa ujasiri ambao bado unaimbwa, na polisi wakafyatua risasi. Serikali ilikiri watu 21 waliouawa. Hesabu nyingine ni kubwa zaidi. Masimulizi mengi yanasema baadhi ya masetla waliokuwa kwenye veranda ya hoteli walifyatua pia. Barabara hiyo leo inaitwa Harry Thuku, na hoteli inatumia anwani hiyo.

Tope lilichelewesha kifo

Ukiamini hoja yangu kwamba hoteli hizi zilizaliwa na ng'ombe, basi zilipaswa kufa pamoja naye. Reli ilifika Thika mwaka 1913, ikiitwa tramu kwenye makaratasi ingawa kila aliyeiona alijua ni treni. Safari ya siku mbili ikawa ya saa chache. Reli ikaendelea kaskazini hadi Nanyuki mnamo 1930. Hoteli ingefungwa.

Haikufungwa, kwa sababu ya magari. Hii inashangaza mwanzoni, maana gari ni jepesi kuliko treni na linapita popote. Lakini gari la miaka ya 1920 lilipita popote wakati wa kiangazi tu. Mvua za masika zikianza, udongo mwekundu wa vilima vya Wakikuyu huteleza kama sabuni, na ule mweusi wa tambarare hushika gurudumu na kuling'ang'ania. Mtu aliondoka Nairobi kwa matumaini na kufika Thika jioni amepakaa tope hadi nywele, baada ya kusukumwa na vibarua mara tano. Huyo alihitaji kitanda na maji ya moto kuliko mwenye maksai yeyote. Tope likachukua kazi ya ng'ombe.

Ndiyo sababu kati ya vita mbili hoteli za njiani ziliongezeka badala ya kupungua. Nyeri ilikuwa na White Rhino tangu siku za mwanzo za setla, na mwaka 1928 Eric Sherbrooke Walker akafungua Outspan, kisha mwaka 1932 akajenga chumba juu ya mti, Treetops, watu walale wakitazama wanyama. Hapo biashara ilikuwa imeshageuka bila watu kutambua. Aliyekwenda Treetops hakuwa akipita njia kwenda kwingine. Treetops ndiko alikokwenda. Mti huo unajulikana kwa Elizabeth wa Uingereza, aliyeupanda mwaka 1952 akiwa binti mfalme na kushuka malkia kwa kuwa baba yake alifariki usiku huo, na Mei 1954 wapiganaji wa Mau Mau wakauchoma. Katika miaka hiyo ya hali ya hatari masetla walikaa kwenye meza za hoteli na bastola kando ya uma, na Mkikuyu aliyetaka kutoka wilaya moja kwenda nyingine alihitaji kibali.

Njia ya Mombasa, ambayo kwa muda mrefu ilikuwa mbaya kuliko zote, ilipata hoteli yake mashuhuri kwa kuchelewa. J. A. Hunter alifungua nyumba ya wageni kwenye chemchemi za Kiboko mwaka 1958. Ni mtu yule aliyeajiriwa na serikali katika miaka ya 1940 kuua faru wa Makueni ili watu wapewe ardhi hiyo, akaua karibu elfu moja. Baada ya bunduki, akauza chai na vitanda kwa watu waliokuwa wakienda kutazama wanyama waliobaki Tsavo.

Kilichokuja kuziua hoteli za namna hii ni lami. Barabara ikishakuwa nyeusi na kavu mwaka mzima, hakuna anayelazimika kulala Thika, wala Kiboko. Uhuru ulifungua milango mwaka 1963, na kwa bahati mbaya ya kibiashara ulifungua milango hiyo wakati ambapo sababu ya kuingia ilikuwa inapungua. Nyingi zilizobaki zimebaki kwa kuuza kitu kingine. Blue Posts inauza maporomoko, nyama choma, bustani ya watoto kuchezea, na jina lake. Barabara ya njia nane iliyokamilika mwaka 2012 imeileta karibu na Nairobi kiasi kwamba watu huenda kula mchana na kurudi.

Kazi yenyewe ya hoteli ya njiani, ile ya kumpokea mtu aliyelazimika kusimama, imehamia mahali pengine. Abiria wa basi la Mombasa husimama Mtito Andei au kituo kingine chenye vyoo vya kulipia, kuku na chipsi, dakika ishirini kwa saa ya utingo. Hakuna anayemuuliza abiria anataka kula wapi. Dereva ndiye anayechagua, na mara nyingi mwenye mkahawa humlisha bure kwa kumletea watu hamsini wenye njaa. Tangu treni ya SGR kati ya Mombasa na Nairobi ianze Mei 2017, wengi wa abiria hao wanapita juu ya tambarare hizo wakiwa wamekaa, na chai inapitishwa kwenye behewa.